Ndoa ya Dini Mbili Iandikiwe Wasia Kabla ya Harusi

Barua ya posa ikishafika kwa wazee, maswali hayachelewi. Kijana ni wa nani, anafanya kazi gani, kwao wakoje, na mwisho linakuja lile ambalo mshenga alikuwa akiomba lisiulizwe: ni wa dini gani? Jibu likitofautiana na dini ya nyumba ile, habari za mahari, mkaja na kilemba zinawekwa kando, na kikao kizima kinageukia jambo moja, nani atamfuata mwenzake. Wiki chache baadaye mmoja anatamka shahada mbele ya sheikh, au anaanza mafundisho ya ubatizo. Harusi inafanyika, pilau linaliwa, na pande zote mbili zinarudi nyumbani zikiamini kwamba tatizo limekwisha.

Limeahirishwa tu. Litarudi siku mtoto wa kwanza atakapotafutiwa jina. Litarudi siku mume atakapotaka mke wa pili, na litarudi kwa nguvu zote siku mmoja wao atakapofariki, ukoo ukakaa kikao kabla ya arobaini. Kinachoziumiza zaidi ndoa za Mwislamu na mtu wa dini nyingine ni mambo yanayonyamaziwa kabla ya harusi. Watu wazima wanaopendana waachwe waoane, kila mmoja abaki na imani yake kama ndivyo dhamiri yake inavyomwelekeza. Lakini wasiingie humo mikono mitupu. Wawe wamekwisha kukubaliana, kwa maandishi, ndoa yao ni ya aina gani, watoto watalelewa vipi, kila mmoja atazikwa kwa taratibu zipi, na mali itakwenda kwa nani.

Ndoa hizi si ngeni Tanzania. Sensa za nchi hii haziulizi dini. Mara ya mwisho kuulizwa ilikuwa mwaka 1967. Hata hivyo hakuna anayehitaji takwimu ili kuziona. Upareni na Usambaani zipo koo ambazo ndugu wa tumbo moja wamegawanyika, huyu msikitini na yule kanisani, na Idi na Krismasi zinaliwa kwenye ua uleule. Kwenye shughuli nyingi za mchanganyiko anayechinja ni Mwislamu, ili kila mgeni aweze kula. Baada ya uhuru watu walizidi kuchanganyika: shule za bweni zilizotaifishwa mwishoni mwa miaka ya 1960, Jeshi la Kujenga Taifa, na uhamisho wa walimu, wauguzi na askari uliompeleka binti wa Bukoba kufanya kazi Lindi na kijana wa Kondoa kupangiwa Songea. Watu waliolala bweni moja na kula sufuria moja hawangeacha kuoana.

Wanaodai kwamba Uislamu umefunga mlango kabisa hawasemi kweli, na wanaodai kwamba uko wazi kwa kila mtu nao hawasemi kweli. Aya ya 5 ya Surat al-Maida inamruhusu mwanamume Mwislamu kuoa mwanamke mwenye kujiheshimu miongoni mwa Watu wa Kitabu, yaani Wayahudi na Wakristo. Aya ya 221 ya Surat al-Baqara inakataza ndoa na washirikina, na maulamaa wa madhehebu zote za jadi wamekubaliana kwamba mwanamke Mwislamu haolewi na asiye Mwislamu. Wanazuoni wa Kishafii, ambao ndio wanaofuatwa na Waislamu wengi wa pwani yetu, wanaongeza masharti kuhusu asili ya huyo mwanamke wa Kitabu, na masharti hayo si mepesi. Tena tahadhari hii ni ya zamani sana. Inasimuliwa kwamba khalifa Umar bin al-Khattab alimwandikia swahaba Hudhayfa bin al-Yaman amwache mke wa Kiyahudi aliyemwoa. Hudhayfa alipouliza kama ni haramu, Umar alijibu kwamba hasemi ni haramu. Aliogopa madhara yake kwa jamii.

Kanisa Katoliki nalo lina ulinzi wake. Sheria ya Kanisa ya mwaka 1983 inaihesabu tofauti kati ya mbatizwa na asiyebatizwa kuwa kizuizi cha ndoa, na kizuizi hicho huondolewa kwa kibali cha askofu. Mkatoliki anaahidi kufanya awezalo watoto wabatizwe na kulelewa katika imani yake. Tangu waraka wa Papa Paulo VI wa mwaka 1970, yule wa upande wa pili halazimiki tena kutoa ahadi hiyo mwenyewe. Anatakiwa tu kuarifiwa kwamba mwenzake ameitoa.

Ukiyaweka mafundisho haya mawili pamoja, unaona jambo ambalo wazazi wengi hawalijui. Kwa rai ya wanazuoni wengi, bibi harusi Mkristo anayeolewa na Mwislamu halazimiki kusilimu. Na kijana Mwislamu anayemwoa Mkatoliki kwa kibali cha askofu halazimiki kubatizwa. Shinikizo la kubadili dini linalosikika kwenye vikao vya posa hutokana na hofu ya familia kuliko masharti ya dini zenyewe: hofu ya majirani watasema nini, ya wajukuu watakaokuja na majina mageni, na ya mama mkwe asiyejua kama chakula cha nyumba ile ni halali. Hofu hizo ni za kweli na zinastahili kusikilizwa. Hazistahili kuponywa kwa shahada iliyotamkwa ili kuokoa ukumbi uliokwisha kulipiwa.

Ibara ya 19 ya Katiba ya Tanzania inampa kila mtu uhuru wa kuamini na wa kubadili imani, na aya ya 256 ya al-Baqara inakataza kulazimishana katika dini. Mtu akiusoma Uislamu akaupenda, asilimu, na apongezwe. Akibatizwa kwa kuamini, vivyo hivyo. Lakini anayebadili dini kwa sababu tu amewekewa tarehe ya harusi anaanza ndoa yake kwa kusema asichokiamini mbele ya Mungu na mbele ya wakwe. Miaka mitatu baadaye moyo unamrudisha alikotoka. Anaenda kanisani kwa siri, au anaswali chumbani mlango ukiwa umefungwa, na siku akigunduliwa haonekani tena kuwa mtu wa dini nyingine. Anaonekana msaliti. Dini yenyewe pia imedhulumiwa hapo, na viongozi wa dini ndio wangepaswa kuwa wa kwanza kulikataa jambo hili.

Penye maumivu zaidi ni kwa binti Mwislamu anayempenda Mkristo. Sheria ya nchi haimzuii. Kifungu cha 14 cha Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 kinaorodhesha watu wasioweza kuoana kwa sababu ya udugu, na dini haimo. Anaweza kwenda bomani, akatoa notisi ya siku 21, akafunga ndoa ya serikali. Atakachokosa ni baba wa kumsindikiza. Kwingine hata sheria ilimzuia: nchini Tunisia serikali ya Rais Béji Caïd Essebsi iliondoa mwaka 2017 waraka wa mwaka 1973 uliokuwa ukiwazuia wanawake Waislamu kuolewa na wasio Waislamu, na mjadala uliofuata ulifika hadi Al-Azhar, Cairo, ambako hatua hiyo ilipingwa.

Sheikh anayekataa kuifungisha ndoa kama hiyo anafuata elimu yake, na gazeti halina mamlaka ya kumtolea fatwa. Yanayofanywa na baadhi ya familia baada ya hapo ni jambo jingine. Kumfungia binti mlango, kukataza jina lake lisitajwe, kumnyima habari ya msiba wa bibi yake, hayo hayakuamriwa na yeyote. Msahafu uleule unakemea vikali kukata udugu.

Tena kufukuzwa huko mara nyingi hakuwatenganishi wapendanao. Wanahamia pamoja tu, bila ndoa, wakingoja wazee walainike. Kifungu cha 160 cha Sheria ya Ndoa kinasema kwamba mwanamume na mwanamke walioishi pamoja miaka miwili au zaidi, wakajulikana kama mume na mke, watadhaniwa kuwa wameoana. Lakini dhana hiyo hupingwa kwa ushahidi, na mwanamke anajikuta akiithibitisha mbele ya hakimu siku ambayo mwanamume hayupo tena kumtetea, huku shemeji zake wakiapa kwamba hawamjui.

Historia ya pwani ina mfano ambao hakuna mwingine unaoukaribia. Seyyida Salme, binti wa Sultani Sayyid Said, alizaliwa mwaka 1844 katika jumba la Mtoni, Unguja. Baba yake alipofariki mwaka 1856 alipata sehemu yake ya mirathi, shamba na fedha, kama mrithi Mwislamu. Miaka kumi baadaye, akiwa na mimba ya mfanyabiashara Mjerumani Rudolph Heinrich Ruete, aliondoka Zanzibar usiku kwa manowari ya Kiingereza hadi Aden. Huko alibatizwa na kufunga ndoa siku moja, 30 Mei 1867, akaitwa Emily. Waliishi Hamburg. Mwaka 1870 mume alifariki kwa ajali ya tramu, akamwachia watoto watatu wadogo katika nchi ambayo hata baridi yake alikuwa hajaizoea.

Alirudi Zanzibar mwaka 1885 katika msafara wa meli za Kijerumani, akidai mirathi ya ndugu zake waliokwisha kufariki. Kaka yake Sultani Barghash, aliyekuwa akitawala tangu 1870, hakumpokea wala hakumlipa. Salme alijaribu tena mwaka 1888, akarudi mikono mitupu. Alifariki Jena mwaka 1924, na ndani ya kaburi lake huko Hamburg uliwekwa mchanga wa Zanzibar aliokuwa ameutunza.

Wengi huisimulia habari hii kama kisa cha mapenzi. Isomwe pia kama shauri la mirathi. Salme aliyerithi kwa baba mwaka 1856 na Salme aliyekataliwa mwaka 1885 ni mtu yuleyule, mtoto wa baba yuleyule. Kilichobadilika ni dini. Barghash alikuwa na sababu zake za kisiasa, kwa kuwa Kansela Bismarck wa Ujerumani alikuwa akimtumia dada yake kutafuta mlango wa kuingilia Afrika Mashariki. Lakini pia alikuwa na kanuni ya fiqhi mkononi: kwa maulamaa walio wengi, Mwislamu na asiye Mwislamu hawarithiani. Kanuni hiyo bado inafanya kazi leo katika mahakama za mwanzo za Tanzania Bara.

Kabla ya kufika huko, ndoa yenyewe. Sheria ya mwaka 1971 inatambua ndoa za aina mbili, ya mke mmoja na ya wake wengi au inayoweza kuwa ya wake wengi. Ndoa iliyofungwa Kiislamu au kimila inadhaniwa kuwa ya aina ya pili mpaka ithibitishwe vingine. Iliyofungwa kwa njia nyingine inadhaniwa kuwa ya mke mmoja. Binti aliyesilimu haraka ili afunge ndoa msikitini huenda hajaambiwa kwamba siku ile alikubali pia uwezekano wa mke mwenza. Sheria inampa nafasi ya kupinga ndoa ya pili, kwa mfano kama kipato cha mume hakitoshi na yeye na watoto watapata shida, lakini lazima ajue kwamba nafasi hiyo ipo na aitumie kwa wakati.

Upande wa pili kuna wanaume waliofunga ndoa kanisani wanaosilimu wakidhani wamejifungulia mlango wa mke wa pili. Hawajaufungua. Ndoa ya mke mmoja haigeuki kwa mume kubadili dini peke yake. Mume na mke wote wawili wanapaswa kwenda mbele ya jaji au hakimu na kutamka kwa hiari kwamba wanaigeuza. Bila tamko hilo ndoa anayoifunga na mke wa pili ni batili, na anayeumia zaidi ni huyo mwanamke wa pili, ambaye aliamini ameolewa.

Sasa mirathi. Tuseme mwanamume Mwislamu amefariki Dar es Salaam, ameacha mke Mkristo, watoto wawili Waislamu, mama yake mzazi, na nyumba iliyoandikwa kwa jina lake peke yake. Bara hakuna sheria moja ya mirathi. Zipo sheria za mila zilizoandikwa mwaka 1963, ipo sheria ya Kiislamu, na ipo Sheria ya Mirathi ya India ya mwaka 1865 tuliyoirithi kwa Waingereza. Mahakama huangalia namna marehemu alivyoishi ili kuamua itumike ipi. Ndugu wa mume wanakaa kikao cha ukoo, wanaandika muhtasari, wanampendekeza msimamizi wa mirathi na kwenda mahakama ya mwanzo, ambayo husikiliza mirathi ya kimila na ya Kiislamu. Mjane anataka sheria ya mwaka 1865 inayompa mke theluthi na watoto theluthi mbili. Hapo kinachobishaniwa kinakuwa maisha yote ya marehemu: aliswali wapi, alifunga Ramadhani ngapi, alizikwa na nani.

Sheria ya Kiislamu ikitumika, mke Mwislamu mwenye watoto angepata thumuni, sehemu moja kati ya nane. Mke Mkristo hapati hata hiyo.

Lakini fiqhi iliyomfungia mlango wa faradhi imemwachia mlango mwingine, na hili lingetangazwa kwenye kila mimbari. Mwislamu anaruhusiwa kuusia hadi theluthi ya mali yake, na wasia huo umekusudiwa hasa wale wasiokuwa warithi. Mke ambaye si mrithi kwa sababu ya dini yake anaweza kuusiwa. Kwa hiyo mume aliyekaa chini akaandika ukurasa mmoja mbele ya mashahidi anaweza kumwachia mkewe Mkristo theluthi nzima, sehemu kubwa kuliko thumuni ya mke Mwislamu. Anaweza pia kumpa hiba angali hai, mradi amkabidhi kweli. Na nyumba ikiandikwa kwa majina ya wote wawili, kifungu cha 60 cha Sheria ya Ndoa kinachukulia kwamba kila mmoja anamiliki sawa, kwa hiyo nusu ya mke haiingii katika mirathi kabisa. Dini ina njia na sheria ya nchi ina njia. Mjane anafukuzwa kwenye nyumba kwa sababu mume hakuandika.

Mke akitangulia yeye, ubaya unageuka upande. Mume Mwislamu aliyemzika mke Mkristo hana faradhi katika mali ya mkewe, na ndugu wa mke wanaweza kulishika hilo hata kama nyumba ile aliijenga yeye tofali kwa tofali. Wanaume hawapendi kulifikiria jambo hili.

Sheria ya Ndoa ya Bara haitumiki Zanzibar, na huko mambo ya ndoa na mirathi ya Waislamu yako kwa kadhi. Kenya nayo imechora mipaka yake. Ibara ya 170 ya Katiba ya mwaka 2010 inaipa mahakama ya kadhi mamlaka pale tu ambapo pande zote ni Waislamu na wamekubali kuhukumiwa nayo, na Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014 inaiacha ndoa ya Kiislamu kwa wanaoukiri Uislamu, wengine waende kwa ndoa ya serikali. Mwezi Juni 2025 Mahakama ya Juu ya Kenya iliamua kwamba mtoto wa baba Mwislamu hawezi kunyimwa urithi kwa sababu tu alizaliwa nje ya ndoa. Uamuzi huo uliwakera wanazuoni wengi. Umeonyesha pia kwamba familia zisipopanga mambo yao, majaji watayapanga.

Afrika Magharibi inatupa mfano wa watu walioamua kuishi na jambo hili hadharani. Rais Bola Tinubu wa Nigeria ni Mwislamu. Mkewe Oluremi ni mchungaji wa kanisa la kipentekoste. Nchini Sierra Leone, Rais Julius Maada Bio ni Mkatoliki na mkewe Fatima ni Mwislamu, na kabla yake Rais Ahmad Tejan Kabbah, Mwislamu, alikuwa na mke Mkatoliki, Patricia. Miongoni mwa Wayoruba na watu wa Sierra Leone, nyumba ya dini mbili haimshangazi jirani. Hii haina maana kwamba fiqhi ya kule ni tofauti na ya huku. Wamejifunza kuulizana mapema.

Kuulizana huko kunawezekana hapa bila kusubiri Bunge. Sheikh, padri au mchungaji anayeletewa wachumba wa dini mbili asianze kwa kuuliza nani atabadili. Aanze na watoto: watakwenda madrasa, watakwenda mafundisho ya Jumapili, au watajifunza zote mbili hadi wajichagulie? Aulize kuhusu mazishi, kwa sababu kumgombea maiti ni aibu ambayo ukoo hauisahau. Ampe mume nafasi ya kusema mbele ya mchumba wake kama anakusudia kuoa tena. Mahali ambapo dhamiri yake haimruhusu kufungisha ndoa hiyo, aseme hivyo kwa upole, kisha awaelekeze bomani badala ya kuwaacha wakaishi kinyumba.

Bunge nalo lina deni. Tume ya Kurekebisha Sheria ilianza kulichunguza suala la mirathi tangu miaka ya 1990, na hadi leo mjane hajui atahukumiwa kwa sheria ipi mpaka afike mahakamani. Kutunga sheria inayowaachia Waislamu faradhi zao na papo hapo kumhakikishia kila mjane, wa dini yoyote, makazi katika nyumba aliyoishi na mumewe ni kazi inayowezekana, na maulamaa wakiitwa mapema wataisaidia.

Wakati huo unapongojwa, RITA, yaani Wakala wa Usajili, Ufilisi na Udhamini, inasimamia usajili wa ndoa, na RITA hiyohiyo inaandika na kuhifadhi wasia. Wachumba wanaokwenda kutoa notisi ya siku 21 wapewe maelezo ya huduma hiyo siku hiyohiyo, kwa Kiswahili chepesi, wakiwa wamekaa pamoja meza moja, na waambiwe waziwazi nini kitatokea kwa nyumba yao mmoja akifariki bila kuandika chochote.